Anayebandika Alama Afungwe, Anayeagiza Asamehewe?



Katika ukurasa huu tumezoea kuzungumza juu ya mishahara, saa za ziada, na vibarua wanaofukuzwa jioni bila notisi. Leo naomba tuzungumze juu ya kitu kidogo kuliko kiganja cha mtoto, kitu ambacho wengi wetu hapa Kanyosha tunakishika kutwa nzima bila kukisoma. Nacho ni alama ya ubora, ile chapa inayobandikwa kwenye chupa ya juisi, kwenye mfuko wa unga, kwenye katoni ya sabuni au dumu la mawese, ikimwambia mnunuzi kwamba mali hii imepimwa na imekubaliwa.

Chapa hii ikibandikwa pasipo ruhusa ni kosa. Watu wanakamatwa kwa ajili yake, wanahukumiwa, wanakata rufaa, au muda wa kukata rufaa unawapita wakiwa ndani. Na ukitazama ni nani anayekutwa na polisi siku ya msako, aghalabu ni yule aliyekuwa na gundi mkononi. Mwenye karakana yuko mjini, yuko safarini, simu yake haipatikani. Mimi nasema jambo hili ni letu sisi chama, kama vile mshahara ulivyo wetu, na sharti tulishike.

Tuelewane kwanza alama hii inatoka wapi. Hapa Burundi ofisi inayohusika ni BBN, iliyoundwa mwaka 1992, na sheria inayoongoza mambo ya viwango, vipimo na ubora ni ile ya tarehe 4 Januari 2011. Mtengenezaji hapewi alama kwa kuwa ana duka zuri au ana jamaa ofisini. Au tuseme, hapaswi kupewa kwa sababu hiyo. Anaomba, wakaguzi wanakuja kutazama anavyotengeneza, sampuli inachukuliwa na kupimwa, na kiwango kikifikiwa anapewa cheti. Hapo ndipo anaruhusiwa kuweka alama, tena kwenye bidhaa ile tu iliyoandikwa katika cheti. Cheti cha sabuni ya kufulia hakiifuniki sabuni ya kuogea. Na cheti kilichopita tarehe yake ni karatasi ya kufungia karanga.

Tena alama hii siku hizi haiishii mtaani kwetu. Nchi yetu iliingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007, na Jumuiya ina sheria yake ya viwango na ubora ya mwaka 2006. Kwa sheria hiyo, alama za nchi moja zinatambuliwa katika nchi nyingine: ya BBN, ya TBS ya Tanzania, ya KEBS ya Kenya, ya UNBS ya Uganda, na ya wenzetu wa Rwanda. Maana yake ni kwamba katoni yenye alama ya kweli ikipita Kobero au Mugina haifai kuzuiliwa ili ipimwe upya kama mgeni asiyejulikana. Basi fikirini hasara inayoletwa na mtu mmoja anayechapisha alama ya uongo kichochoroni. Hamwibii mnunuzi wake peke yake. Anawachafua wote wanaotoka nchi hiyo, na siku dereva wa lori la halali anapolala mpakani siku tatu akisubiri vipimo, naye anamlipia yule mwongo.

Sasa tuje kwenye makosa yenyewe, kwa sababu hapa watu wengi wanachanganya, na kuchanganya huku kunawafunga wafanyakazi.

Kuna mtu asiye na cheti kabisa, naye anabandika alama. Huyu anadanganya waziwazi. Kuna mwingine mwenye cheti cha kweli, alama yake ni ya kweli, lakini mali aliyotoa wiki ile haikufika kiwango. Labda alibadili malighafi, labda mashine iliharibika, labda aliona faida. Na kuna muuza duka aliyeletewa katoni zenye alama ya uongo, akaziuza bila kujua au akijua. Watu hawa watatu hawafanani. Kosa lao halifanani, ushahidi wa kuwatia hatiani haufanani, na njia ya kujitetea kwenye rufaa haifanani hata kidogo. Lakini sikiliza redio siku ya msako: wote wanaitwa watu wa bidhaa feki.

Wenzetu wa Kenya wametupa mafunzo mawili ya karibuni juu ya jambo hili. Mwezi wa Novemba 2019 KEBS ilipiga marufuku aina 5 za unga wa mahindi uliokuwa madukani, kwa sababu sumukuvu ilikuwa imezidi kiwango, ambacho ni sehemu 10 kwa bilioni. Zilikuwa aina kubwa, zinazojulikana na kila mama wa nyumbani, na alama zilikuwa nazo. Hapakuwa na mtu aliyeiba chapa. Alama ilikuwa ya kweli na unga ulikuwa mbaya. Na asifikiri mtu kwamba sumukuvu ni jambo la kuchezea: mwaka 2004, katika wilaya za Makueni na Kitui na jirani zake, watu 317 waliugua kwa kula mahindi yenye sumu hiyo na 125 wakafa.

Fundisho la pili ni la mbolea. Mwaka 2024, wakati wa mvua za masika, waandishi wa habari wa Kenya walifichua kwamba baadhi ya mbolea iliyouzwa kwa wakulima kwa bei ya ruzuku haikuwa na nguvu ya mbolea. Mifuko ilikuwa na alama. Ikawa kelele kubwa, Bunge likapiga kura mwezi wa Mei ya kumwondoa Waziri wa Kilimo, kisha kamati ya Bunge ikaona mashtaka dhidi yake hayakuthibitishwa. Lakini mimi nilishika neno moja katika kelele hizo. Wakubwa walisema mbolea hiyo si feki, bali iko chini ya kiwango. Mkulima wa Kitale aliyekwisha panda aliona tofauti gani? Hakuona. Lakini mahakamani tofauti ni kubwa mno. Feki maana yake kuna mtu aliyeghushi, na mwenye kughushi hutafutwa mpaka chini, mpaka kwa kijana aliyeshona mfuko. Chini ya kiwango maana yake ni mazungumzo, faini, ahadi ya kurekebisha, kulipa fidia. Mkubwa anajua kuchagua neno. Mdogo anachaguliwa neno na wengine.

Sasa nitaje la kwetu, bila majina, maana mwenyewe bado anatafuta kazi.

Kulikuwa na kijana, mwanachama wetu, katika karakana moja ya kusini mwa mji. Kazi yake ilikuwa kujaza chupa, kufunga vifuniko na kubandika lebo. Alilipwa kwa katoni. Siku moja bosi alileta lebo mpya zenye alama ya ubora pembeni. Kijana hakuuliza, na mimi simlaumu, kwa sababu anayelipwa kwa katoni akisimama kuuliza, watoto wake ndio wanaokosa. Baada ya majuma machache wakaja wakaguzi pamoja na polisi. Cheti hakikuwepo. Bosi naye hakuwepo. Kijana akachukuliwa na lebo zake, akaandikiwa maelezo kwa Kifaransa, akatia sahihi. Yeye aliishia darasa la nne. Katika maelezo yale ilikuwa imeandikwa kwamba yeye ndiye aliyekuwa akiweka alama hiyo. Neno hilo lilikuwa kweli kwa mikono yake, na lilikuwa uongo kwa jambo lenyewe.

Akahukumiwa. Bosi alirudi baadaye, akasema lebo zililetwa na wafanyakazi wake pasipo yeye kujua. Hebu fikirini: mtu anayelipwa kwa katoni atoe fedha yake kwenda kuchapisha lebo maelfu, ili bosi apate kuuza vizuri! Lakini maneno hayo yaliandikwa na yakakaa katika faili.

Kilichomwokoa ni karatasi. Mke wake, ambaye hajui kusoma lakini anajua kutunza, alikuwa ameweka mfukoni risiti ya mahali palipochapishwa lebo, ambayo mumewe alitumwa kuichukua siku ile. Jina lililoandikwa pale lilikuwa la bosi. Risiti hiyo ililetwa mbele ya mahakama ya rufaa, na hukumu ikaondolewa. Alikuwa amekwisha kaa ndani miezi saba. Alipotoka, mahali pake kazini palikuwa na kijana mwingine, chupa ni zilezile.

Nasikia mabwana fulani wakisema: mfanyakazi naye ana hatia, kwa nini alitii? Swali hili lina ukweli ndani yake, wala tusilikimbie. Agizo la bosi si amri ya sheria. Mtu hawezi kusimama mbele ya jaji akasema niliambiwa, basi niachieni, kama alijua wazi kwamba anashiriki udanganyifu. Ukijua kwamba hakuna cheti, na kwamba alama imeibwa, nawe ukaendelea kubandika, hapo umejiweka mahali pabaya, na chama hakiwezi kukudanganya. Lakini kosa la udanganyifu linataka nia. Linataka mtu ajue. Na kujua kunathibitishwa. Hakuchukuliwi kama kitu kilichoanguka barabarani. Mzigo wa kuthibitisha uko kwa anayeshtaki.

Sheria za jirani zetu zinajua hili vizuri kuliko watu wanavyofikiri. Sheria ya makosa ya jinai ya Kenya, kifungu cha 23, inasema kwamba kampuni ikitenda kosa, basi wenye mamlaka ya kuiendesha nao wana hatia, ila tu kama wanathibitisha kwamba hawakujua, pasipo kitendo wala uzembe wao, au kwamba walichukua hatua zote zinazofaa kulizuia. Tazameni mzigo ulivyowekwa! Bosi ndiye anayetakiwa kueleza kwa nini hakujua kinachofanyika katika nyumba yake. Na hapa kwetu, kanuni ya adhabu ya mwaka 2009 ilikubali kwamba hata kampuni yenyewe, ule mwili usio na damu, inaweza kushtakiwa na kuadhibiwa. Na kanuni hiyo ilirekebishwa mwaka 2017. Milango ipo. Tatizo ni nani anayeigonga, maana mlango wa kampuni una mlinzi, na meza ya lebo haina.

Tuje kwenye rufaa, ambayo ndiyo hasa iliyonifanya nishike kalamu.

Rufaa ina siku. Hili ndilo jambo la kwanza, na la pili, na la tatu. Kenya ni siku 14 tangu adhabu kutolewa. Uganda nako notisi ya rufaa ni siku 14. Tanzania notisi ya kusudio inatakiwa ndani ya siku 10, na ombi lenyewe la rufaa ndani ya siku 45, ukiondoa muda wa kusubiri nakala. Hapa kwetu pia sheria imeweka muda, na ukipita, mlango umefungwa hata kama una haki nyeupe kama maziwa. Kwa hiyo ushauri wangu kwa familia yoyote ni huu: msiende nyumbani kwanza kulia na kuitisha kikao cha ukoo. Siku hiyohiyo hukumu inaposomwa, mmoja wenu aende kwa karani wa mahakama, aseme tunakata rufaa, aone ikiandikwa katika kitabu, aulize siku ya mwisho ni ipi, aombe uthibitisho. Msisubiri mpaka mpate nakala ya hukumu iliyopigwa chapa vizuri. Nakala inaweza kuchelewa, siku hazichelewi. Aliye gerezani naye anaweza kutoa tamko lake kutoka humo humo, na mwenye kumtembelea amkumbushe.

Hukumu ikitoka Tribunal de résidence, rufaa inakwenda Tribunal de grande instance. Kesi ikianzia Tribunal de grande instance, rufaa inakwenda Cour d'appel. Cour suprême huko juu haianzi tena kuuliza nani alibandika nini. Inatazama kama sheria ilifuatwa. Ndiyo maana nasema karatasi zote, risiti zote, mashahidi wote, waletwe mapema. Usiweke ng'ombe wako wa mwisho kwa ajili ya ngazi ambayo hawapokei ng'ombe.

Katika nchi zinazofuata sheria ya Kiingereza mpango ni wa namna hiyohiyo. Kuna shauri la zamani, Okeno dhidi ya Jamhuri, la mwaka 1972, lililoamuliwa na Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, na mawakili wa Kenya wanalitaja mpaka leo. Mahakama ilisema kwamba anayekata rufaa ya kwanza ana haki ya kutazamiwa ushahidi wote upya, kwa ukamilifu, na mahakama ya rufaa ifikie uamuzi wake yenyewe. Haitoshi kusema hakimu wa chini amekwisha sema. Mimi si mwanasheria, shule yangu ilikuwa ya msingi tu, lakini neno hilo nalipenda. Maana yake ni kwamba mnyonge anasikilizwa mara mbili.

Na katika kesi za alama ya ubora kuna mengi ya kutazamwa upya. Sampuli ilichukuliwa na nani, mbele ya nani? Ilifungwa na kutiwa lakiri? Sehemu yake nyingine iliachiwa mtengenezaji ili naye akapime mahali pengine? Chupa iliyopimwa ni ile iliyotoka kwenye karakana, au ni ile iliyokaa dukani juani miezi miwili? Ilipelekwa maabara baada ya siku ngapi? Alama iliyokutwa ni alama yenyewe au ni mchoro unaofanana nayo? Cheti hakikuwepo kabisa, au kilikuwepo kikawa kimekwisha muda wiki moja kabla, na maombi ya kukirudisha yako mezani kwa ofisi? Maswali haya si hila za mawakili. Mtu asiye na hatia anaokoka kwa maswali haya, na mwenye hatia akifungwa baada ya maswali haya amefungwa vizuri, hana la kusema.

Hapo pana hatari moja niitaje. Mwendesha mashtaka naye ana haki ya kukata rufaa, na akiona adhabu ilikuwa ndogo anaweza kuomba iongezwe. Kwa hiyo mtu asikate rufaa kwa hasira kama anayetupa jiwe gizani. Akae na anayejua, apime. Wala rufaa haifungui mlango wa gereza siku unayoiandika. Gereza la Mpimba lilijengwa kwa watu 800, nalo kwa miaka mingi limekuwa likiwekwa maelfu. Mtu anayesubiri rufaa humo anasubiri amesimama.

India ni nchi kubwa yenye alama maarufu ya ISI, ambayo mnaweza kuiona kwenye waya za umeme na majiko yanayouzwa hata mjini hapa. Walianza na sheria ya alama mwaka 1952, wakaibadilisha mwaka 1986, na sasa wana ile ya mwaka 2016. Huko kesi za kutumia alama bila leseni zimekwenda mahakamani na kupanda mpaka mahakama za juu, wakati mwingine aliyefungwa ndiye anayekata rufaa, wakati mwingine ofisi ya viwango yenyewe inaomba ruhusa ya kukata rufaa kwa kuwa mshtakiwa aliachiwa. Lakini lililonivutia ni hili: sheria yao ya 1986 haikuiachia ofisi na polisi peke yao kufungua mashtaka. Hata mlaji, hata chama, kiliweza kupeleka malalamiko mahakamani. Fikirini tungekuwa na nguvu kama hiyo. Mfanyakazi anayeona lebo za uongo zinaingia angeleta habari kwa mjumbe wake, mjumbe kwa chama, na chama kingekwenda mbele kumtaja aliyeagiza kabla ya polisi kufika kwa aliyebandika. Kenya wamefanya jambo jingine, dogo lakini la maana: mnunuzi anatuma namba ya kibali kwa ujumbe wa simu kwenda 20023, anajibiwa kama kibali hicho kipo. Mama wa sokoni Ruziba anayo simu. Njia ya namna hiyo angeitumia kesho asubuhi.

Sasa niwajibu ndugu zetu wengine, maana najua wataniandikia. Wapo wanaosema chama kiwatetee watengenezaji wadogo, kipige kelele BBN na polisi wawaache wanyonge wajitafutie. Mimi nakataa, na nakataa kwa nguvu. Nani anayekunywa ile juisi? Nani anayepikia yale mafuta? Watoto wa Kinindo wanaletewa vyao kutoka madukani makubwa. Ni sisi tunaonunua kwa faranga chache jioni, tukitoka kazini, bila kuuliza. Alama ya uongo inamwibia mfanyakazi mara mbili, kwanza jasho lake kazini, kisha fedha yake sokoni, na ikiwa mali ni sumu inamwibia na mtoto. Tena kuna kina mama wa ushirika wanaotengeneza sabuni kwa uaminifu, waliohangaika mwaka mzima kutafuta cheti. Jirani yao mwongo anachapisha alama kwa siku moja na kuuza kwa bei ya chini. Huyo ndiye nimtetee? Hapana.

Ila nakubali kwamba njia ya kupata cheti sharti iwe fupi na rahisi kwa mdogo. Kupima kuna gharama, kusafirisha sampuli kuna gharama, na siku ya kwenda ofisini ni siku isiyo na mauzo. Aliye na madumu ishirini asitozwe kama aliye na matangi ishirini. Hilo tulidai wazi, tena tulidai pamoja na hao hao kina mama. Wala faini isiwe ya namna moja. Kwa mdogo faini kubwa ni mwisho wa karakana, na kwa mwenye mtaji faini hiyohiyo ni kama fedha ya kuegesha gari: analipa, anaendelea, anaiweka katika bei ya chupa.

Lakini la kwetu sisi wafanyakazi tusimsubirie mtu. Linaingia katika mkataba wa pamoja, ambao sheria ya kazi ya tarehe 24 Novemba 2020 inatupa nafasi ya kuuzungumza na waajiri. Tunataka nakala ya cheti ibandikwe ukutani pale pale kwenye meza ya lebo, ionekane jina la bidhaa na tarehe ya kwisha. Tunataka mfanyakazi anayeomba kukiona cheti kabla ya kubandika asihesabiwe kuwa mkaidi, wala asikatwe mshahara wa saa hiyo. Lebo zikiletwa, ziandikwe katika daftari: zimeletwa na nani, lini, ngapi. Daftari la senti chache lingempunguzia yule kijana miezi saba. Na mfanyakazi akikamatwa kwa kazi aliyopewa na mwajiri, mwajiri alipe wakili tangu siku ya kwanza, na mshahara uendelee kwa familia mpaka mahakama iseme neno la mwisho, rufaa ikiwemo. Waajiri watasema hili ni zito. Ni zito kwa asiye na cheti. Mwenye cheti halimgharimu kitu, isipokuwa msumari wa kukitundikia.

Kuna jambo moja zaidi juu ya maelezo ya polisi. Mtu asitie sahihi asichokielewa. Aombe asomewe kwa Kirundi au kwa Kiswahili, polepole, na pale palipoandikwa "nilibandika" aombe paongezwe "kwa agizo la fulani, kwa lebo zilizoletwa na fulani". Maneno hayo machache yakikosekana siku ya kwanza, kuyaingiza kwenye rufaa ni kazi ya kupanda mlima umebeba mawe. Na yeyote mwenye risiti, barua, ujumbe wa simu wa bosi akisema bandikeni hizi, asifute, asitupe, amwachie mtu wa nyumbani.

Mwezi uliopita nilipita karakana nne kando ya barabara ya Rumonge, kuanzia darajani mpaka Ruziba. Niliomba kuona cheti. Katika moja kilikuwa ukutani, kimewekwa kioo, na mwenye karakana alinionyesha kwa furaha. Katika ya pili niliambiwa kiko nyumbani kwa bosi. Katika ya tatu kilikuwepo, lakini ni cha bidhaa ambayo hawaitengenezi tena. Katika ya nne niliulizwa mimi ni nani. Wajumbe wa hizo tatu wafike tawini Jumamosi baada ya kazi, waje na lebo moja moja kutoka katika meza zao.